Mama Mkwe na Milima ya Ghorofa ya Tatu

Kwa miaka minne ya kwanza ya ndoa yangu, mama mkwe wangu hakuwahi kusema nami moja kwa moja. Si kwa chuki. Katika ukoo wao wa Tabora mkwe wa kiume hatazamwi usoni, na maneno yakibidi yanapitia kwa mtu wa tatu, hata kama wote watatu mmekaa kwenye kochi moja. "Mwambie mumeo chai inapoa," atasema. Chai naiona, sauti nimeisikia, lakini nasubiri mke wangu ageuke aniambie, "Mama anasema chai inapoa," ndipo nanyoosha mkono. Mimi ni mtoto wa Ilala. Kwetu mama mkwe anakusema mwenyewe, tena mbele ya wageni, kwa hiyo mwanzoni nilidhani huyu ananitania. Hakuwa anatania.

Alikuja kwetu Guangzhou, huku China, mwezi wa Ramadhani, mke wangu akiwa na mimba ya miezi sita, na alikuja na sanduku moja tupu. Kila Mtanzania anayeshuka huku huja na sanduku tupu ili alijaze mzigo, lakini mama huyu si mfanyabiashara, na lile sanduku lilikuwa la nguo za binti yake. Alikuja kumchukua akajifungulie nyumbani, kama inavyofanyika kwa mimba ya kwanza. Mimi sikutaka, na sikuona haya kutotaka. Nimekaa Xiaobei, mtaa wa Waafrika, miaka minane, nasafirisha makontena ya watu kutoka kwenye ofisi yangu ya chumba kimoja pale jengo la Tianxiu, na nimewaona wanaume wa mtaa jirani wa Dengfeng waliopeleka wake zao nyumbani kwa siku arobaini tu. Leo watoto wao wanaanza shule na baba wanamjua kwa picha ya simu.

Mke wangu alikataa kuchagua. Alituketisha sebuleni, mimi upande huu, mama yake upande ule, akasema: "Nina mtoto wa kubeba, sina nafasi ya kuwabeba na nyie. Kubalianeni wawili, mkimaliza mniambie." Kisha akaenda kulala. Tukabaki mimi na mama mkwe, watu wasiosemeshana, tumepewa kazi ya kukubaliana. Mama akaitazama feni. Mimi nikalitazama zulia. Baada ya nusu saa nikaaga kwa kukohoa.

Siku tisa zikapita hivyo. Siku ya kumi, bosi mmoja wa kike mwenye duka la madera pale soko la Zhanqian, ambaye mizigo ya wateja wangu mingi inatoka kwake, alinipa tiketi tatu. "Laoban," akaniambia, maana huku kila mwenye mfuko wa nailoni ni laoban, yaani bosi, "mpeleke mama wa mkeo akatembee."

Hapa lazima nikiri jambo. Kichina changu nakisifia sana mbele ya wageni, lakini ni Kichina cha mzigo. Nasoma "kioo, usipindue". Nasoma saizi, rangi, idadi, na "hakuna kurudisha". Kwenye ile tiketi kulikuwa na picha ya vilele vya kijani, mawingu na ndege mweupe, na herufi sita. Mojawapo ilikuwa ya mlima, ambayo hata mtoto wa chekechea anaijua. Zile nyingine tano sikuzijua, nikaona hazina umuhimu. "Ni bustani ya milimani," nikamwambia mke wangu kwa sauti ya mtaalamu. "Kuna hewa safi." Mke wangu akamwambia mama yake, aliyekuwa ameshasikia.

Mama alivaa raba na sweta. Kwenye mkoba akatia tende, chupa mbili za maji na mkeka mdogo wa kuswalia, isije Magharibi ikatukuta mlimani. Wiki ile Guangzhou ilikuwa kwenye ule unyevu wake wa kabla ya joto, kuta zinatoka jasho na nguo hazikauki, na jua tulikuwa hatujaliona siku kadhaa. Metro ikatushusha, ramani ya simu ikatupeleka mpaka kwenye jengo la maduka, na mlinzi akatuelekeza kwenye lifti. Mama akauliza kupitia kwa mke wangu ni mlima gani unaopandwa kwa lifti. Nikajibu, kupitia kwa mke wangu huyo huyo, kwamba Wachina wameendelea.

Milima yenyewe ilikuwa ghorofa ya tatu, kati ya duka la viatu vya watoto na kliniki ya meno.

Mlangoni alisimama binti wa Kichina aliyevaa joho jeupe la mikono mirefu, na upanga wa plastiki kiunoni. Akaeleza haraka haraka, nami nikadaka nilichoweza. Hii ni safu ya milima ya hatari. Njia zake hujipinda zenyewe. Ndani ya milima siku moja ni sawa na miaka mia ya nje. Wasafiri hukabidhi simu na saa zao, na yeye huwaongoza mpaka lango la upande wa pili, wakijaliwa kufika. Halafu akanyoosha kidole kwenye bango: wajawazito hawaruhusiwi.

Mke wangu aliinua mikono kama mtu aliyeshinda bahati nasibu. "Nawasubiri hapa," akasema, na akakaa kwenye benchi, akavua viatu. Namjua. Alikuwa amepanga tubaki wawili.

"Mwambie mumeo," mama akasema, "kama siku moja ni miaka mia, kunde zangu nilizoloweka itakuwaje?"

Lakini mlango ulikuwa umeshafungwa nyuma yetu.

Ndani palikuwa na ukungu wa mashine, misonobari ya plastiki, mawe ya sponji na mto unaopanda kilima. Nilisimama nikautazama ule mto. Maji yalikuwa yanapanda kweli, au sisi ndio tuliokuwa tumeinama, sijui mpaka leo. Tulipita daraja, tukapinda kushoto, tukapinda kushoto tena, tukajikuta kwenye lile lile daraja, ila sasa liko juu ya vichwa vyetu. Mama mkwe akasimama. Akatafuta wa kumsemesha. Binti yake hayupo. Mimi sihesabiki. Akamgeukia yule binti wa joho jeupe.

"Mwambie mkwe wangu," akamwambia kwa Kiswahili safi cha Tabora, "njia hii tumeshapita."

Binti akanitazama. Mimi nikatazama chini, kwa kuwa sikuwa nimeambiwa mimi. Maji yakaendelea kupanda. Mwishowe binti akaniuliza kwa Kichina, "Ayi amesema nini?" Ayi ni shangazi, ndivyo wanavyowaita wanawake wa umri ule.

Sasa ungefanya nini? "Anasema uniambie kwamba njia hii tumeshapita," nikamtafsiria.

Akafikiri. Akanigeukia rasmi, mikono amekunja mbele ya joho. "Njia hii mmeshapita," akaniambia.

"Asante. Mwambie nimesikia."

Akamwambia mama mkwe kwa Kichina kwamba nimesikia. Nami nikamgeuzia mama kwa Kiswahili, macho nimeyaelekeza kwenye msonobari: "Anasema mkwe wako amesikia." Mama akaitikia kwa kichwa, ameridhika kabisa. Adabu ilikuwa imehifadhiwa, na kwa mara ya kwanza toka ashuke uwanja wa ndege nilimwona amestarehe.

Tukaendelea hivyo. Kwenye pango moja likaruka zimwi lenye manyoya na macho ya taa. Mimi nilipiga kelele, sitaficha. Mama mkwe hakurudi nyuma hata hatua moja. Alianza kusoma Ayatul Kursiyu kwa sauti ya kupanda, akilinyooshea kidole, na zimwi likaanza kurudi taratibu mpaka likagota kwenye ukuta. Alipomaliza akamwambia binti, "Mwambie kijana avue hayo manyoya, atapata pumu." Nikatafsiri. Zimwi likavua kichwa, likasema asante Ayi, na kweli lilikuwa limelowa jasho.

Kisha tukafika kwenye chumba kilichopinda, ambacho sakafu inakuvuta upande wa ukutani na mtu anasimama kama anayeanguka. Mama akakaa chini. Akasema hatembei tena. Binti wa joho akakaa naye, akaulaza upanga wake magotini, na mimi nikakaa mbali kidogo, kadiri ule mteremko ulivyoniruhusu, maana kila nikijisogeza nateleza kuwaelekea.

Mama akasema, "Muulize mkwe wangu. Mtoto akizaliwa huku, nani atamkanda mwanangu? Nani atampikia uji wa pilipili manga? Nani atamwogesha kichanga?"

Kichina changu hakina uzazi. "Anauliza," nikasema, "mzigo ukishafika, nani ataupokea? Nani atausimamia siku arobaini?"

"Mzigo gani?"

Nikaonyesha tumbo. Akaziba mdomo kwa mkono wa joho, akacheka, halafu akaniuliza lile swali kwa uzito wote unaostahili. Nikamjibu kwamba kuna hospitali, kuna daktari, na mimi mwenyewe nipo. Yeye akaongeza la kwake: huku mzazi anakaa ndani mwezi mzima, haruhusiwi kushika maji ya baridi, na anapikiwa supu ya tangawizi. Nikageuza yote.

"Kumbe wana akili," mama akasema.

Nikaona nashinda. Nakumbuka nilivyojiweka sawa pale kwenye mteremko, nikitafuta neno la kumalizia kazi. Ndipo akasema tena, na sauti ilikuwa imeshuka.

"Mwambie kwamba huyu mke wake si mtoto wangu wa kwanza. Wa kwanza nilimzalia Mpanda. Mume wangu alikuwa safarini na reli, mama yangu yuko Tabora, nami nilikuwa na wanawake nisiowajua. Mtoto hakulia. Sikujua kama alitakiwa kulia, na hakukuwa na mtu ninayeweza kumuuliza. Mwambie mimi sijaja huku kwa ajili ya desturi. Nimekuja kwa sababu naogopa."

Binti alikuwa ananisubiri. Nilitafuta maneno kwenye Kichina changu chote, kati ya maboksi na mikanda na "hakuna kurudisha", na sikupata la kujifichia. Nikasema kwa ufupi: "Mtoto wake wa kwanza alifariki. Anaogopa."

Binti yule akanigeukia. Macho yake yalikuwa yamelowa, lakini kazi yake aliifanya, tena polepole ili nielewe vizuri. "Mtoto wake wa kwanza alifariki," akaniambia. "Anaogopa."

Niliyasikia maneno yangu mwenyewe yakirudishwa kwangu na mtu mwenye upanga wa plastiki, na safari hii yaliniingia. Mke wangu hakuwahi kuniambia habari hiyo. Baadaye nilijua kwamba hata yeye hakuambiwa. Niliona aibu kwa siku zote tisa nilizolitazama zulia, nikimhesabu mama yule kama mpinzani. Nikafungua mdomo nijibu, na hapo hapo jua likaanza kuzama.

Namaanisha hivyo hivyo. Ukuta wa mbele ulifunguka, tukaona bonde, vilele, na jua kubwa jekundu likishuka nyuma yake. Wadudu wakaanza kulia. Kengele nzito ikagongwa. Mbingu ikawa ya zambarau, halafu nyeusi, na nyota moja ikatokeza. Kipaza sauti kikasema shairi refu ambalo nililidaka maneno mawili tu: jua, na kuzama.

Mtu aliyeshiba anaweza kuuliza maswali kuhusu jua la ghorofa ya tatu. Mimi sikuwa nimeshiba. Tulikuwa tumezunguka mle muda usiojulikana, hatuna saa, hatuna simu, koo limekauka kwa kuwatafsiria watu watatu nikiwemo mimi mwenyewe. Nilidhani ni dirisha, na nje giza limeingia kweli.

"Mwambie mama," nikamwambia binti kwa haraka, "jua limezama."

Maneno yalipozunguka na kumfikia, mama akauliza, "Ana uhakika?"

Nikamuuliza binti: jua limezama? Naye, mwajiriwa mwaminifu, hakutoka kwenye nafasi yake ya kuigiza. Akainamisha kichwa. "Katika milima hii," akasema, "jua limezama."

"Ana uhakika," nikasema.

Mama akafungua mkoba. Akasoma dua, akala tende. Kisha akafanya jambo ambalo hajawahi kulifanya: akanyoosha mkono wake, uso ameugeuzia bondeni, akanipa tende mkononi bila kumpitishia mtu. Nikala mbele ya mkwe, yeye akala mbele yangu, binti wa joho naye akapewa mbili. Tukanywa maji. Ilikuwa futari tamu kuliko zote nilizokula huku, na nilikuwa nimelegea kwa furaha, nikijiambia nitamjibu mama jambo lake baada ya swala. Mama alikuwa ameshatandika mkeka na anauliza kibla.

Jogoo akawika kwenye spika. Jua likachomoza.

Lilichomoza pale pale lilipozamia, jepesi, limepumzika, na ndege wakaanza kuimba. Mama mkwe akalitazama. Akautazama mkeka. Akazitazama kokwa mbili za tende kiganjani mwake.

"Mwambie mkwe wangu," akasema taratibu, "nimefuturu au nimekula daku?"

Binti alipoelewa kilichotokea alijipiga paji la uso. Akaeleza kwamba machweo huja kila baada ya dakika ishirini, wageni huyapenda kwa picha. Akatutoa kwa mlango wa wafanyakazi. Saa ya ukutani pale kwenye makabati ya simu ilikuwa saa tisa na dakika hamsini alasiri, na nje ya kioo, baada ya siku zote zile za unyevu, jua lilikuwa limetoka, jeupe, liko juu kabisa ya paa la jengo la jirani.

Mke wangu alicheka mpaka akashika tumbo kwa mikono miwili. Mama hakucheka. Alitoa hukumu mwenyewe bila kumsubiri sheikh: aliyekula akidhani Magharibi imeingia anajizuia mpaka iingie kweli, na siku hiyo ataikidhi. "Mwambie mumeo, na yeye pia." Tukarudi kwa metro midomo imefungwa, tende tamu bado kwenye meno.

Jioni ile, Magharibi ilipokaribia, mama alitaka mashahidi. Simu iadhini, saa ya ukutani ikubali, na jirani yetu wa Mombasa athibitishe kwamba ameliona giza kwa macho yake akiwa nje, barabarani, si ndani ya jengo lolote. Jirani akasema, "Mama, giza liko, wallahi. Hata taa za mtaani zimewaka." Ndipo akala.

Nami nikasema. Nilikuwa nimebeba jibu lile toka kwenye kile chumba kilichopinda, na sikuona pa kulipitishia. Nilimtazama mama usoni, kosa kubwa, nikasema: "Mama, mchukue. Nenda naye." Mke wangu akaweka kijiko chini. Mama akauvuta ushungi wake mpaka karibu na macho. Baada ya Idi waliondoka wote wawili, na mimi nilirudi kwenye nyumba ambayo ilikuwa kubwa kupita kiasi kwa vyumba vyake viwili. Nililia kidogo. Halafu nilikula maharage ya kopo kwa majuma mengi.

Tiketi yangu ya kwenda Tabora ilikuwa ya wiki mbili kabla ya siku aliyotaja daktari. Mtoto hakusoma tiketi. Alikuja wiki tatu kabla ya siku hiyo. Ilikuwa saa tano asubuhi huku, saa kumi na mbili alfajiri kule, nami niko kwenye korido ya ghorofa yangu pale Tianxiu, nimezungukwa na maboksi ya vioo vya bafuni, nagombana na wapakiaji kuhusu lifti. Simu ikaita. Namba ya mama mkwe. Namba hiyo ninayo miaka minne na haijawahi kunipigia.

"Mwanangu," akasema. Alikuwa ananiambia mimi. "Mwanangu, ni wa kike. Amelia. Amelia mpaka manesi wamekasirika."

Nilikaa juu ya boksi lililoandikwa "kioo, usikalie".

"Mama yake mzima, amelala," akaendelea. "Baba ndiye anayemwadhinia mtoto. Babu yake yupo hapa, nimemkataza, nimemwambia mtoto ana baba. Namwekea simu kwenye sikio la kulia. Haya."

Nikasikia kupumua, kudogo sana, karibu kabisa na mimi. Nikasimama. Nikaweka kiganja sikioni, nikaadhini katikati ya ile korido kwa sauti yote niliyonayo. Wapakiaji wakaacha kuvuta. Mkongo wa ofisi ya jirani akatoa kichwa mlangoni akakaa kimya. Mzanzibari mmoja mwenye duka la simu akatoka mbio, akaangalia saa yake, akaitikisa, akaangalia tena. Nilipofika katikati sauti ikanikatika.

"Usiishie hapo," mama mkwe akasema kutoka Tabora. "Anakusikiliza."

Nikamalizia. Kisha nikamsikia akisogeza simu kwa uangalifu, nguo zikichakarika, na akaniambia, "Sasa la kushoto," nami nikakimu.